Uchawi wa sauti na binti wa Kibirizi

Swali: Shikamoo Mwalimu. Mimi ni msichana wa Kigoma, naandika riwaya yangu ya kwanza. Mhusika mkuu ni binti wa Kibirizi, jirani na mwalo, mwenye uwezo wa kutenda mambo kwa sauti ya kinywa chake tu, bila dawa wala hirizi. Nimekutumia sura nane. Wenzangu waliosoma wanasema uchawi wake hauna kichwa wala miguu: akibanwa anatamka neno, mambo yanakwisha. Nifanyeje uwe na kanuni? Nitumie Kiswahili, Kiha, au nibuni lugha mpya? Na sauti yake ikipita kwenye simu, ifanye kazi au isifanye? Mama naye anaogopa watu watasema naandika ushirikina.

Jibu: Marahaba, mwanangu. Sura nane nimezisoma zote, na ya tatu nimeirudia kwa raha yangu tu, pale wanawake wanapoanika dagaa mchangani huku wakisutana. Lakini wenzako wana haki. Katika sura ya pili majambazi wanakuja na boti kunyang'anya mashine ya mjomba, binti anapaza sauti, "Zorakathi!", boti yao inapinduka. Katika sura ya tano anasema "Velimora!" na mlango wa stoo unafunguka. Sasa mimi msomaji najiuliza: kwa nini lile la kwanza lisingefungua mlango? Ukiyabadilishana mahali hakuna kinachoharibika. Yanasikika kama majina ya vidonge.

Tuanze na lugha, maana ukiipatia hiyo mengine yatafuata. Usibuni. Kiswahili kina akiba ambayo tunaitumia kutwa bila kuitazama: tanakali sauti. Mtu hulala fofofo. Giza huwa totoro. Nguo nyeupe ni pee, nyeusi ni tii. Mlango hufungwa ndi. Kimya huwa jii, maji hutulia tuli, jiwe hutumbukia ziwani chubwi. Muulize mtu yeyote "totoro" maana yake nini, atakujibu "giza totoro" na kukutazama kwa mshangao. Ni sauti iliyobeba kazi, na hiyo ndiyo malighafi unayoitafuta.

Ziangalie vizuri utaona zina tabia mbili. Ya kwanza, kila moja ina mwenzake. Husemi mtu amelala tii, wala giza pee. Kwa hiyo neno la mlango halitaweza kupindua boti hata binti alitamke mpaka koo lipasuke, na wewe hulazimiki kueleza kwa nini, kwa kuwa kila msomaji wa Kiswahili anaijua kanuni hiyo tangu utotoni.

Ya pili ndiyo tamu zaidi kwa mwandishi. Tanakali huzidisha, haianzishi. Totoro haileti giza; inalikuta giza lipo, inalikamilisha. Fofofo haimlazi mtu aliye macho. Pee haiwezi kuing'arisha kaniki. Ukiishika hiyo, binti yako hatakuwa tena mtu wa kutoa miujiza hewani. Atakuwa mtu anayengoja, anayevizia jambo lianze lenyewe, au anayehangaika kulianzisha kwa mikono kabla ya kulipigia muhuri kwa sauti. Hapo riwaya inapata kazi ya kufanya.

Chukua sura yako ya pili. Ni usiku wa giza, ndiyo maana watu wameingia ziwani. Kwenye mbalamwezi dagaa hawavutwi na taa na wavuvi hupumzika. Kipe cha mjomba, yaani chombo chake cha kuvulia dagaa, kina taa zimewaka, samaki wameanza kujikusanya chini ya mwanga. Boti ya majambazi inasikika inakuja. Binti anataka giza totoro ili wapotee machoni, lakini pale walipo hakuna giza, kuna taa. Mjomba lazima azizime kwa mkono wake, moja baada ya moja, na kila taa inayozimwa dagaa wanatawanyika. Ameungoja usiku huu mwezi mzima. Ile taa ya mwisho ataizima kwa moyo gani? Hayo yote umeyapata kabla ya mtu yeyote kutamka kitu, na mimi nitasoma ukurasa huo mara mbili. Boti kupinduka iondoe. Waache majambazi wapite hatua chache kutoka pale, mashine yao ikinguruma, mjomba na binti wakiwa wameshikana mikono hawapumui.

Kanuni inayofuata ninakushauri uiazime kwenye baraza letu wenyewe. Mtu anayetega kitendawili hafungui mdomo na kusema tu. Anasema "Kitendawili!" kisha anangoja. Wasipojibu "Tega!" hana ruhusa ya kuendelea. Hadithi nayo ni hivyo hivyo: "Paukwa!" bila "Pakawa!" ni mtu anayeongea peke yake. Basi gawa uchawi wako kwa watu wawili. Mmoja anaita kilichopo: "Giza!" Wa pili anakijibu: "Totoro!" Anayeita anabeba ukweli, maana akiita kisichopo jibu linaanguka bure. Anayejibu anabeba nguvu. Binti yako akiwa peke yake hana kitu, na hapo ndipo sura ya tano, ile anayofungiwa stoo, itaanza kuniogopesha.

Usidhani huu ni mchezo wa baraza tu. Huku kwetu Tabora ni nchi ya miombo na asali, na warina asali wanamjua yule ndege mdogo anayemwongoza mtu mpaka kwenye mzinga wa nyuki porini. Mwaka 2016 watafiti wakiongozwa na Claire Spottiswoode walichapisha waliyoyaona kwa Wayao wa kaskazini mwa Msumbiji, ambao humwita ndege huyo kwa mlio maalumu, mtetemo wa ulimi unaomalizikia kwa mguno. Watu walipotembea wakipiga sauti nyingine, uwezekano wa kuonyeshwa nyuki ulikuwa asilimia 16. Walipopiga mlio wenyewe ulifika asilimia 54. Mwaka 2023 Spottiswoode na Brian Wood wakaongeza kipande kingine: ndege wa kwa Wahadzabe, hapa Tanzania, huitikia mluzi wa Wahadzabe kuliko mlio wa Wayao, na wale wa Msumbiji huitikia wa Wayao kuliko mluzi. Mlio wenyewe hauna nguvu sawa kila mahali utakapoupeleka. Nguvu iko kwenye makubaliano ya wale wanaoishi pamoja, ndege na watu. Kwa hiyo binti wa Kibirizi akija Tabora na totoro yake, asishangae akiita na hakuna anayemjibu sawasawa. Mimi Mnyamwezi ningemjibu "totolo", na taa zingebaki zinawaka.

Bei ya uchawi pia iko hapo hapo kwenye vitendawili. Mkishindwa kufumbua, mtegaji anasema "Nipeni mji," nanyi mnampa: "Tumekupa Ujiji." Katika riwaya yako, anayeita uongo alipe mji, na ulipwe kweli: jina la mji huo litoke kinywani mwake, asiweze kulitamka tena. Watoto wataanza kwa kutoa miji wasiyoijua, London, Chicago, wakidhani wamepata mwanya; ni juu yako kuamua kama mji usioujua unakubalika. Mimi ningekataa. Mji ulipwe na aliyekanyaga ardhi yake.

Fikiria basi mama mmoja aliyewahi kutoa Kigoma. Yuko stesheni ya Tabora, pale reli inapogawanyika, moja inaelekea Mwanza na nyingine Kigoma. Amefika dirishani, foleni ndefu nyuma yake, karani anamuuliza anakwenda wapi. Anafungua mdomo, hakuna kinachotoka. Anasema "mwisho wa reli", karani anamwambia reli ina miisho mingi, hata Mpanda ni mwisho. Anasema "kwenye ziwa", anaulizwa ziwa lipi, maana Mwanza nako kuna ziwa. Watu wanaanza kusonya. Ukurasa huo ukiuandika vizuri hutahitaji kunieleza tena kwamba uchawi una gharama.

Sasa kinywa chenyewe. Waandishi wengi wa mambo haya husahau kwamba sauti hutengenezwa na nyama, mifupa na pumzi. Tamka "fofofo" polepole mbele ya kioo. Meno yako ya juu ya mbele yanagusa mdomo wa chini kila mara. Bibi aliyepoteza meno hayo anaweza kujua fofofo zote za ukoo, lakini kinywani mwake inatoka pumzi tupu. "Tii" na "totoro" bado anaziweza, kwa kuwa ulimi unagota kwenye ufizi nyuma ya meno, "ndi" pia. Kwa hiyo uchawi wa usingizi umemtoka, wa giza umebaki. Mjukuu wa miaka sita au saba aliyeng'oka meno ya mbele yuko kwenye hali hiyo hiyo, ila yake yataota tena. Unaona kinachotokea: bibi ana busara ya kuita kwa wakati, binti ana meno ya kujibu. Hakuna anayemfaa mwenzake kwa huruma. Wanahitajiana kikweli, na wakigombana, kama wanavyogombana katika sura yako ya nne, kijiji kizima kimepoteza kitu.

Mafua nayo usiyaache. Pua ikiziba, m inakuwa kama b na n inakuwa kama d. Mtoto mwenye mafua humwita mama yake "baba". "Ndi" ya binti mwenye mafua inabaki "di", mlango haufungi sawasawa, unaacha upenyo. Upenyo huo mwache adui auone.

Minong'ono itumie kwa uangalifu. Mtu akinong'ona, nyuzi za sauti kooni hazitetemi, hivyo hawezi kuipandisha sauti wala kuishusha kama kawaida. Kwa Kiswahili hasara si kubwa sana, maana sisi tunategemea mkazo, na kwa kawaida unakaa silabi ya pili kutoka mwisho. Kiha, kama Kirundi na Kinyarwanda, ni lugha ya toni. Maneno mawili yenye herufi zile zile yanaweza kutenganishwa na kupanda na kushuka kwa sauti tu. Ndiyo maana ningekushauri uweke Kiha kwenye tabaka la zamani na la hatari zaidi la uchawi wako: maneno yasiyonong'onwa. Anayeyajua lazima ayaseme kwa sauti kamili, hata kama adui yuko nyuma ya ukuta. Maneno yenyewe kawaulize wazee wa nyumbani kwako, na waombe wayaseme, usiridhike na kuyaona yameandikwa, kwa kuwa maandishi yetu ya kawaida hayaonyeshi toni.

Ziwa umelieleza vizuri kwa macho, kwa masikio bado. Hewani sauti huenda karibu mita 340 kwa sekunde, kwa hiyo kipe kilicho kilomita moja kinapokea wito baada ya sekunde tatu hivi, na jibu linachukua tatu nyingine kurudi. Sekunde sita ni nyingi mtu akiwa anazama. Upepo nao una upande: usiku kwa kawaida huvuma kutoka nchi kavu kwenda ziwani, mchana hugeuka, na sauti husafiri vizuri zaidi kwa kufuata upepo. Bibi akiita usiku kutoka ufukweni, wavuvi watamsikia. Wakimjibu, huenda asisikie kitu. Mchana kinyume chake. Na binti asizungumze na samaki kutoka juu ya kipe kama anavyofanya katika sura ya saba. Sauti ya hewani ikigonga maji karibu yote hurudi juu. Akitaka kusikika chini agonge ubao wa chombo. Ndani ya maji sauti huenda kama mita 1,500 kwa sekunde, mara nne na zaidi ya kasi yake hewani.

Kuna jambo moja la mwangwi ambalo ningelifanya kilele cha kitabu, ukipenda. Binti yuko peke yake ndani ya mtumbwi, hana wa kumjibu, mbele yake umesimama mwamba, kama ile miteremko mikali inayoshukia majini kuelekea Gombe. Akiita "Giza!" mwamba utamrudishia "giza", na mwito haujibiwi kwa mwito. Lakini je, akisema jibu kwanza? Anasema "Totoro!" na papo hapo "Giza!" Mwamba ukiwa kama mita 170 kutoka kwake, "totoro" inachukua sekunde moja kwenda na kurudi, inamfikia pale pale anapomaliza kusema "giza". Mwito umepata jibu lake. Akiwa karibu mno, maneno yanagongana. Akiwa mbali mno, kimya kinaingia katikati na jibu limechelewa. Kwa hiyo anapiga kasia, anajaribu, anasogea, anajaribu tena, na msomaji anahesabu pamoja naye. Mbegu ya jambo hili ipande mapema, kwenye sura ya kwanza au ya tatu, watoto wakicheza na mwangwi, ili lisionekane limeokotwa.

Zile sauti zisizo maneno, kigelegele, msonyo, mluzi, nakuachia. Nitasema tu kwamba mluzi wa usiku umeshabeba hofu yake, kwani nani hakuambiwa utotoni kwamba unaita nyoka? Yapo pia maduka ambayo usiku mtu hataji sindano kwa jina lake. Usiyaeleze haya kwa msomaji. Weka mtoto apige mluzi, weka kofi la bibi yake, endelea na hadithi.

Hofu ya mama yako ninaiheshimu, na sidhani tatizo ni binti yako. Tatizo ni sura ya sita. Adui uliyemweka pale ni ajuza anayeishi peke yake, macho mekundu, watu wanampisha njiani. Katika mikoa ya magharibi na ya Ziwa, Tabora yetu ikiwamo, vikongwe wameuawa kwa kushukiwa uchawi, na mara nyingi ushahidi wenyewe ulikuwa hayo macho, macho yaliyoungua kwa miaka ya moshi wa jikoni. Riwaya haitamuua mtu, lakini inaweza kuirudia hukumu ile bila kuihoji, na wewe ni mwandishi mwerevu kuliko hapo. Adui mpe sura nyingine. Ningependa awe mtu mwenye sauti nzuri kuliko wote kijijini, msoma risala kwenye harusi, ambaye kila mtu anafurahi kumjibu.

Mwisho, simu. Rekodi isifanye kazi. Rekodi hairejei ulichoita, inasema lile lile hata pakiwa na jua kali, na kanuni yako ni kwamba anayejibu anajibu kilichopo. Ila mazungumzo ya simu ya moja kwa moja, watu wawili wakisikilizana, yaruhusu, kwa sharti moja la kifundi. Simu ya kawaida kwa miaka mingi imebeba mitetemo ya kati ya 300 na 3,400 tu kwa sekunde. Sehemu kubwa ya ukali wa s na f iko juu ya hapo, ndiyo maana ukitaja jina lenye f kwenye simu unaulizwa "F au S?" Ndi inapita. Totoro inapita. Fofofo inafika imepukutika, haijulikani ni fofofo au sososo. Kwa hiyo katika sura ya nane, mjomba anapopiga simu kutoka Ujiji akinong'ona kwamba walinzi wameshaanza kusinzia, binti asimjibu kwenye simu. Aamshe bodaboda wa jirani, apande, aende huko mwenyewe kabla hawajaamka.